Gemu la Mirihi na kibanja cha wakfu



Katika kikao kimoja cha kamati ya msikiti wetu, hapa Bukoba mjini, yaliletwa mambo mawili ambayo hakuna mjumbe aliyedhani kuwa yana uhusiano. La kwanza lilikuwa swali la mzazi: je, inafaa vijana wa madrasa wakusanyike baada ya Isha kucheza gemu la kompyuta linalohusu kuishi katika sayari ya Mirihi? La pili lilikuwa pendekezo: kwamba kibanja cha wakfu kilichoko Muleba, upande wa Kamachumu, king'olewe migomba iliyosalia na kipandwe mikaratusi, kwa kuwa mikungu imekuwa haba na posho ya mwalimu wa madrasa, ambayo chanzo chake ni kibanja hicho, imepungua mwaka hadi mwaka. Yaliandikwa kuwa ajenda mbili. Yalipomalizika yalikuwa yamekuwa moja, na tunaona ni vyema familia nyingine nazo zijue yalivyokwenda, kwani maswali kama haya hayapo kwetu peke yetu.

Waliolalamikia gemu hilo walikuwa na haki ya kulalamika. Baba mmoja alitueleza kwamba mwanawe wa kidato cha pili harudi nyumbani hadi saa tano usiku, na alfajiri huamshwa mara tatu ndipo ainuke. Kwa upande wa pili, mama mmoja alituma ujumbe kwamba kwake yeye ni nafuu mwanawe awe pale, katika chumba cha kijana wa jirani aliyerudi kutoka chuo na kompyuta mpakato yake, kuliko awe amesimama mbele ya zile mashine za kamari zinazomeza sarafu za watoto vibarazani mwa maduka. Wote wawili walisema kweli. Wanazuoni wametufundisha kwamba hukumu ya jambo hufuata kulijua jambo lenyewe. Kwa hiyo kabla ya kusema halali au haramu, wajumbe watatu tulitumwa kwenda kulitazama gemu hilo na kuwasikiliza wanaolicheza.

Gemu lenyewe linaitwa Surviving Mars. Lilitengenezwa na kampuni ya Haemimont Games ya mjini Sofia, Bulgaria, likatolewa na Paradox Interactive ya Sweden mwezi Machi 2018. Halichezwi kwa bunduki. Mchezaji huanza na uwanja mtupu wa vumbi jekundu, roketi, na mashine chache zinazojiendesha. Kazi yake ni kutafuta maji ardhini, kufua umeme wa jua au wa upepo, kutengeneza hewa ya oksijeni, kisha kujenga kuba kubwa lenye nyumba, mashamba na zahanati ndani yake. Baada ya hapo ndipo huwaleta watu. Hewa ikikatika watu hufa, na maji vivyo hivyo. Kila mkazi ana vipimo vinne: afya, utulivu wa akili, raha na ari. Mchezaji asipovisimamia hivyo vinne, mji wake huporomoka hata kama ana umeme wa kutosha.

Tulikuta humo mambo ya kuangaliwa kwa jicho la dini. Miongoni mwa majengo yanayoweza kujengwa ndani ya kuba ni baa na jumba la kamari. Wakazi nao huja na tabia zao: yuko mvivu, yuko mlevi, yuko mcheza kamari, na yuko mtu wa dini, ambaye ari yake huanza juu kuliko ya wenzake. Mchezaji halazimishwi kujenga baa wala jumba la kamari. Kijana mmoja alitueleza kwamba usipolijenga, wale wenye tabia ya kamari hukosa raha na mji hupata hasara. Imamu wetu akamwuliza kama hakuna namna nyingine. Kijana akajibu: "Ipo, Shehe. Kuna jengo la kuwatibu, wakitoka humo tabia inawaondoka. Ila ni ghali na linachukua muda." Imamu akasema, "Hata hapa Bukoba ni hivyo hivyo, mwanangu."

Katika fiqhi, asili ya mambo ya kidunia ni uhalali mpaka ije dalili ya kukataza. Mchezo hukatazwa kwa kilichomo ndani yake, kama kamari, uchi au matusi kwa dini; au kwa kinachoupotezea mtu kwa sababu yake, yaani swala, haki za wazazi, masomo na mwili wake mwenyewe. Mashine za sarafu za vibarazani hazina mjadala: hiyo ni kamari, na Qur'an imeikataza pamoja na ulevi katika Suratul Maida. Gemu la Mirihi si la aina hiyo. Kasoro yake kubwa tuliyoiona ni ya pili, nayo ni muda. Tukawaonyesha vijana jambo ambalo wao wenyewe walikuwa wametueleza dakika chache kabla: kwamba ndani ya gemu, mkazi anayepangiwa zamu ya usiku hupungukiwa utulivu wa akili. Wakacheka, kisha wakanyamaza. Walikuwa wakiwalinda wakazi wa Mirihi dhidi ya zamu ya usiku, huku wao wenyewe wakikesha.

Lakini lililotufanya tukae pale zaidi ya tulivyokusudia ni maelezo yao juu ya namna gemu hilo lilivyobadilika tangu lilipotoka. Mwanzoni, kila kuba lilikuwa kama kisiwa. Mkazi wa kuba moja hakuweza kwenda kufanya kazi wala kupata huduma katika kuba la jirani isipokuwa ahamie huko moja kwa moja. Zahanati ikiwa kuba hili, mgonjwa wa kuba lile hakuwa na lake. Wachezaji wakalalamika, na watengenezaji wakaleta toleo lililoongeza njia zilizofunikwa za kuunganisha makuba. Jambo dogo kulitazama, lakini mji ukawa mji.

Badiliko kubwa zaidi lilikuja Mei 2019, kwa nyongeza ya kulipiwa iitwayo Green Planet, yaani Sayari ya Kijani. Kabla yake, Mirihi ilibaki jangwa jekundu daima, na watu waliishi ndani ya makuba maisha yao yote. Baada yake, mchezaji anaweza kuibadili sayari yenyewe, kwa vipimo vinne vinavyopanda asilimia kwa asilimia: hewa, joto, maji na mimea. Viwanda hutoa gesi za kuhifadhi joto, zile zile ambazo hapa duniani tunazilalamikia. Barafu huyeyushwa, maziwa huchimbwa. Mvua za kwanza huwa na sumu. Hewa ikishakuwa nzito ya kutosha ndipo hunyesha mvua safi. Mbegu nazo zimefanywa mali inayohesabiwa, kama chuma au chakula. Na mimea haioti kwa amri: hutangulia utandu unaoshika juu ya mawe, yakafuata majani, kisha vichaka, na miti huja mwisho, udongo ukishaboreka. Kazi inapokaribia kukamilika, makuba hufunguliwa na watu hutoka nje kuvuta hewa.

Vijana walitusimulia haya kwa furaha ambayo, tuseme kweli, hatujaiona darasani. Wanajua kwamba ukiharakisha miti kabla ya udongo, miti haishiki. Wanajua ni nini kitangulie na ni nini kisubiri.

Hapo mjumbe mmoja akauliza kama mambo haya yanawezekana kweli. Jibu la wataalamu ni kwamba njia hiyo iko mbali mno. Hewa ya Mirihi ni nyembamba, mgandamizo wake haufiki asilimia 1 ya hewa yetu ya usawa wa bahari, na takriban asilimia 95 yake ni hewa ya ukaa. Mwaka 2018 watafiti wa Marekani, Bruce Jakosky na Christopher Edwards, walichapisha hesabu kuonyesha kwamba hewa ya ukaa inayoweza kupatikana katika sayari hiyo haitoshi kuipasha joto kwa teknolojia tuliyonayo. Chombo cha Perseverance cha shirika la NASA, kilichotua huko Februari 2021, kilibeba mtambo wa kujaribu kutengeneza oksijeni kutokana na hewa ya Mirihi. Mtambo ulifanya kazi vizuri. Uliwashwa mara 16 hadi mwaka 2023, na jumla ya oksijeni yote uliyotoa ni gramu 122, uzito kama wa mayai mawili ya kuku. Mtu mzima mmoja hutumia zaidi ya gramu 800 kwa siku.

Tuliwaomba vijana watafakari hesabu hiyo. Mataifa yenye nguvu, kwa fedha nyingi na akili nyingi, yamepata mayai mawili ya hewa. Nasi tunatoka Alfajiri msikitini, upepo wa Ziwa Victoria unatupiga usoni, tunavuta pumzi bila hata kukumbuka kusema Alhamdulillahi.

Ni katika kurudi kikaoni, tukiwa na habari hizi, ndipo ajenda ya pili ilipochukua sura nyingine.

Mgeni anayefika Bukoba au Muleba na kuona migomba iliyofungana, buni chini ya kivuli chake na maharage katikati, hudhani ardhi hii imeumbwa na rutuba hiyo. Sivyo. Ukanda huu wa ziwa hupata mvua nyingi ambazo huosha rutuba ya udongo. Anayetaka kuiona ardhi yetu ilivyo kwa asili na aende rweya, kwenye nyanda za nyasi kati ya kijiji na kijiji, aone udongo mwepesi na mazao yanayodumaa. Kibanja kimetengenezwa na watu. Ng'ombe walichungwa rweya mchana na kulala nyumbani usiku, na samadi yao ikaingia migombani. Kina mama walikata nyasi rweya, wakazibeba kichwani, wakazitandaza chini ya migomba zitunze unyevu na zioze. Majivu ya jikoni na maganda ya ndizi yalirudi pale pale. Kilo kwa kilo, kizazi baada ya kizazi, rutuba ilihamishwa kutoka kule kuja huku, mpaka ardhi duni ikawa bustani ya kulisha ukoo mzima. Hao ndio wazee wetu, na kazi yao haikuwa na kitufe cha kuharakisha muda.

Kazi hiyo sasa inafumuka. Ng'ombe wamepungua majumbani, na sehemu kubwa za rweya zimepandwa mikaratusi na misonobari, basi nyasi na samadi vyote vimekuwa shida. Juu ya hayo ukaja mnyauko wa migomba unaoletwa na bakteria, ambao uliingia Uganda mwaka 2001 na kugunduliwa Tanzania kwa mara ya kwanza mwaka 2006, katika wilaya hii hii ya Muleba. Jani hunyauka kama lililomwagiwa maji ya moto, ndizi huiva kabla ya wakati, na ukikata shina hutoka ute wa manjano. Mgomba ulioupata hauponi. Kibanja cha wakfu kilipata pigo hilo, na kwa kuwa hakina mwenye kulala hapo kila siku, pigo lake lilikuwa zito zaidi.

Mweka hazina wetu, ambaye ndiye aliyeleta pendekezo la mikaratusi, hakuwa akitafuta faida yake. Alisema nguzo zina soko la uhakika, miti haihitaji samadi, na mwalimu wa madrasa ana watoto wanaohitaji kula. Waliompinga walitaja sharti la mtoa wakfu. Marehemu aliyekitoa kibanja hicho aliacha maandishi kwamba ni kwa ajili ya kulisha madrasa kwa mazao yake, na sharti la mtoa wakfu ni la kuheshimiwa maadamu halipingani na sheria. Zaidi ya hayo, udongo uliojengwa na vizazi kadhaa, ukishafunikwa na mizizi ya mikaratusi, ni nani atakayeurudisha? Kikao kilikuwa kirefu. Mwisho ilikubaliwa, si kwa kauli moja bali kwa wengi, kwamba kibanja kipewe mwaka mmoja wa kutibiwa, na kwamba vijana wa gemu la Mirihi waalikwe katika kazi hiyo.

Kwa upande wa gemu, kamati haikulipiga marufuku. Iliwekwa mipaka minne kwa makubaliano na wazazi na vijana wenyewe. Siku za shule halichezwi. Ijumaa na Jumamosi huchezwa baada ya Isha na kompyuta huzimwa saa tatu na nusu. Baa na jumba la kamari havijengwi. Na kila anayecheza huenda kibanjani Jumamosi moja katika kila mbili, akifuatana na mjumbe wa kamati au mzazi mmoja kwa zamu. Sharti hili la mwisho liliwekwa makusudi kwa watu wazima pia. Njia inayounganisha makuba hupitwa kutoka pande zote mbili. Haiwezekani tuwadai vijana waje kwetu huku sisi hatuendi kwao.

Jumamosi ya kwanza walikwenda vijana 11. Mzee anayekiangalia kibanja aliwafundisha kutambua mgomba mgonjwa, kung'oa na kufukia, kusafisha panga kwa moto kabla ya kugusa mgomba mwingine, na kuondoa ua dume kwa kijiti chenye panda badala ya kisu, ili ugonjwa usibebwe. Kijana mmoja, akitazama upande wa pili wa bonde, aliuliza: "Babu, mbona kule rweya hakuna mgomba hata mmoja?"

"Kwa sababu hakuna aliyewahi kupeleka samadi kule, mjukuu wangu," mzee akamjibu. "Na hapa palikuwa kama kule."

Kijana akawageukia wenzake akasema kwamba kumbe udongo hata hapa hutengenezwa kwanza. Ni jambo alilokuwa akilifanya Mirihi kwa miezi kadhaa. Kwamba babu wa babu yake alilifanya Kamachumu, hilo hakuna aliyekuwa amemwambia, nyumbani, shuleni wala madrasa.

Hatutaki msomaji adhani kwamba kila kitu kimenyooka. Kati ya wale 11, wanaoendelea kwenda ni sita. Nauli ya kutoka Bukoba ni mzigo, na wapo wazazi ambao zamu yao ikifika huwa na udhuru. Yule baba wa kidato cha pili bado angependa kompyuta iondolewe kabisa, na ni haki yake kwa mwanawe. Migomba mipya haijapandwa, kwa sababu mahali palipong'olewa mgonjwa panatakiwa kupumzishwa. Kwa sasa pana maharage, na samadi inanunuliwa kidogo kidogo kwa michango. Mwalimu wa madrasa anaendelea kupokea posho pungufu. Mwaka ukiisha, pendekezo la mikaratusi litarudi mezani, na wenye kulipendekeza wana hoja.

Kwa wazazi wenzetu tunasema hivi. Kabla ya kumpokonya mtoto gemu, kaa naye mara moja akuonyeshe linavyochezwa. Ukikuta kamari au uchafu, liondoe bila kusitasita. Ukikuta mchezo wa kujenga, muulize anajenga nini, kisha umpeleke mahali ambapo kitu kama hicho kimejengwa kwa mikono ya watu wake. Kila mmoja wetu ni mchunga na ataulizwa juu ya alichokichunga, kama alivyotufundisha Mtume (S.A.W.) katika hadithi mashuhuri, na mchunga hawezi kumlinda mnyama ambaye hajui analisha wapi.

Na kwa vijana tunakumbusha hadithi nyingine, iliyopokewa na Bukhari na Muslim, ambayo maana yake ni kwamba Muislamu akipanda mti au mbegu, kisha akala humo ndege, mtu au mnyama, kwake huandikwa kuwa ni sadaka. Miti ya kwenye kompyuta haina ndege wa kuila. Chezeni kwa kiasi, jifunzeni yaliyo na faida humo, lakini mikono yenu iwe na mche halisi wa kuupanda, kwani Mtume (S.A.W.) ametuhimiza kupanda mche ulio mkononi hata kama Kiyama kinasimama. Kibanja cha Kamachumu kinausubiri mche huo, na Jumamosi ijayo gari linaondoka baada ya swala ya Alfajiri. Nafasi bado zipo.

Tunamwomba Allah awahifadhi watoto wetu, ambariki aliyetoa wakfu ule na kuliweka kaburi lake katika nuru, na airudishie ardhi yetu rutuba yake. Wabillahi tawfiq.